Kwa nini bata mzinga anapotea Uingereza wakati kuku anazidi kupanda?

#1 Ngosha_Norwich
Wakuu salaam. Nipo Norfolk, mashariki mwa Uingereza, huu mwaka wa kumi na moja. Miaka sita kati ya hiyo nimefanya kazi kwenye kiwanda kidogo cha kuchinja na kufungasha bata mzinga. Jina sitalitaja, bado nakula hapo. Nilipoanza tulikuwa na zamu tatu, na kuanzia Oktoba mpaka Krismasi hukuwa na Jumapili. Sasa zamu imebaki moja, na laini mbili zimegeuzwa za kuku.

Nikasema hebu niangalie kama ni sisi tu au ni nchi nzima. Ni nchi nzima. Katikati ya miaka ya 1990 Uingereza ilikuwa inatoa zaidi ya tani 250,000 za nyama ya bata mzinga kwa mwaka. Siku hizi ni kama nusu ya hapo. Kuku kwa muda huohuo amepaa, wanachinja takribani milioni 20 kwa wiki. Ndege hawa wawili wanakula ngano na soya ileile na kuuzwa kwenye rafu moja. Kwa nini mmoja ananenepa na mwingine anakonda?

Mimi nasema ni mafua ya ndege. Mwaka 2022 tuliona kwa macho. Bata mzinga wa kulelewa nje, wale wa Krismasi, walikuwa kama milioni 1.3, na karibu nusu yao walikufa au kuteketezwa kabla ya sikukuu. Wakuu wa sekta walilieleza Bunge hivyo mwezi Novemba. Hoja iko mezani.

#2 Kidagaa wa Ziwa
Nimeweka kambi hapa. Ila mkuu, ndege anayeliwa siku moja kwa mwaka unategemea nini? Ni kama kufungua duka la kuuza daftari Januari tu.

#3 Mama Kibaha
Salaam Ngosha. Mimi ni mfugaji, na uzi huu umenigusa. Mwaka juzi nilinunua vifaranga 40 vya bata mzinga nikavichanganya na kuku wangu wa kienyeji. Mpaka wanafika miezi mitatu nilibaki na tisa. Kuku hawakuumwa hata mmoja. Walikuwa wanasinzia, mabawa yameshuka, wanaharisha kinyesi cha njano kama unga wa manjano, siku mbili tatu kwisha. Chanjo ya kideri na ndui niliwapa. Mwenye kujua aniambie, maana majirani wanasema ndege huyu ana mkosi.

#4 Darubini
#1 nakuheshimu, ila mafua hayawezi kuwa mzizi. Umesema mwenyewe kilele kilikuwa katikati ya miaka ya 1990. Balaa kubwa la 2021 na 2022 limekuja miaka ishirini na tano baadaye. Mgonjwa aliyeanza kukonda kabla ya homa hakukondeshwa na homa.

Tuanze na historia. Bata mzinga alikuwa ndege wa matajiri Uingereza. Aliyemshusha kwa mtu wa kawaida ni Bernard Matthews. Mwaka 1950 alinunua mnadani mayai 20 ya bata mzinga na mashine ya kutotolea inayotumia mafuta ya taa, kwa pauni mbili na nusu. Baadaye akanunua jumba la kifahari lililochakaa, Great Witchingham Hall, hapohapo Norfolk kwa Ngosha, akafugia ndani ya vyumba. Miaka ya 1980 alikuwa kwenye televisheni anatangaza nyama yake kwa lafudhi ya kwao. Yeye na wenzake walimtoa ndege kwenye Krismasi wakamweka kwenye chakula cha kila siku: nyama ya kukunja, ya kusaga, ya kupaka chenga za mkate.

Sasa angalia hatari yake. Soko lote la mwezi wa pili mpaka wa kumi lilisimama juu ya vyakula hivyo vya bei rahisi. Mwaka 2005 mpishi Jamie Oliver akaingia na kampeni yake ya chakula cha shule, akakishika kitu kimoja cha kampuni ya Matthews kinaitwa Turkey Twizzlers, vipande vya nyama ya kusaga vilivyosokotwa. Nyama ndani yake ilikuwa kama theluthi moja tu. Nchi nzima ikakasirika. Kuanzia hapo jina la bata mzinga likawa jina la chakula kibovu cha watoto. Hilo ndilo jeraha.

#5 Kidagaa wa Ziwa
Kumbe. Nakumbuka kusikia kwamba serikali iliipiga marufuku kwa sheria.

#6 Darubini
Hapana. Kampuni yenyewe iliacha kuitengeneza 2005. Viwango vipya vya chakula cha shule vikaanza 2006, na vilibana nyama za kusindikwa kwa jumla. Na 2020 walizirudisha madukani kwa mchanganyiko mpya wenye nyama zaidi.

#7 Mchumi Huru
Darubini unasimulia vizuri lakini unaruka hesabu. Niwape ya banda.

Kuku wa nyama anaingia banda, siku ya 35 mpaka 40 anatoka. Ukiosha na kupumzisha, banda moja linazunguka kama mara saba kwa mwaka. Dume la bata mzinga linakaa wiki 20 hivi. Banda linazunguka mara mbili, ukikazana tatu kwa majike wanaotoka mapema. Fedha yako imelala pale nusu mwaka, na ugonjwa ukipita wiki ya 18 umepoteza kila kitu.

Halafu chakula. Kuku wa kisasa anahitaji takribani kilo moja na nusu ya chakula kuongeza kilo moja ya uzito. Bata mzinga anakaribia mbili na nusu. Na si chakula chochote. Kifaranga wa bata mzinga anataka protini kama asilimia 28 wiki za mwanzo, wa kuku 22 au 23 inamtosha. Hiyo tofauti yote ni soya ya kuagiza kutoka Amerika. Ngano na soya zilipopanda 2007 na 2008, na tena 2022 vita vya Ukraine vilipoanza, nani aliumia zaidi? Aliyelisha wiki 20.

Mnazungumzia mpishi wa kwenye televisheni. Mwenye banda anapiga hesabu, anaagiza vifaranga vya kuku. Basi.

#8 Bi Mwanakheri
Assalaam aleikum. Mie niko Leicester, nawasikiliza wanaume mnavyogombania banda na bunge. Hakuna hata mmoja aliyetaja jiko.

Bata mzinga mzima wa kilo sita umtie wapi? Nyumba za huku watu wawili, watatu. Wastani wa kaya Uingereza haufiki watu wawili na nusu. Jirani yangu, mama wa Kiingereza wa miaka sabini na kitu, aliniambia zamani walikuwa kumi na mmoja mezani, sasa yeye na mumewe wananunua kifua peke yake, kimeshatolewa mapaja na mabawa. Mapaja hayo nani anayala? Mwingereza hataki nyama nyeusi. Kwa hiyo ndege mzima analelewa, nusu yake haina mnunuzi.

Nami nimempika bata mzinga mara mbili. Ya kwanza nilimchemsha nusu kisha nikamchoma na tui zito, tangawizi na ndimu, kama kuku wa kupaka. Paja lilikuwa tamu kuliko kifua. Kifua kilikauka kama ubao.

#9 Ngosha_Norwich
Bi Mwanakheri shikamoo. Hili la mapaja ni kweli tupu. Kiwandani kifua kinatoka siku hiyohiyo na bei yake nzuri. Paja tunaligandisha, linasagwa au linasafirishwa nje.

#4 nakubali kwamba kushuka kulianza zamani. Lakini mafua hayakuanza 2021. Februari 2007 virusi vya H5N1 viliingia Holton, Suffolk, kwenye shamba la kampuni ileile ya Matthews unayoisifu, na bata mzinga karibu 160,000 wakauawa. Uchunguzi ukaona virusi vinafanana mno na vilivyokuwa kwenye mabata bukini wa Hungary mwezi Januari, na njia iliyoonekana kuwa na uwezekano zaidi ni nyama iliyoagizwa kutoka kulekule. Novemba mwaka huohuo yakaibuka tena Redgrave, Suffolk. Twizzlers 2005, mafua 2007. Mnunuzi aliyepigwa mara mbili harudi.

#10 Mlandizi_Poznan
Wakuu mambo. Naandika kutoka Poland, nipo Poznań, naendesha lori la chakula cha mifugo. Ngosha, hoja yako ya mafua inagonga ukuta huku.

Poland imepigwa na mafua ya ndege mara ngapi? Baridi ya 2016 kuingia 2017, mkoa wa Lubuskie, bata mzinga na bukini. Siku ya mwisho ya 2019, mkoa wa Lublin, Uścimów, bata mzinga. Mwaka 2021 ndiyo usiseme, mkoa wa Mazowsze mabanda yalikuwa yanateketezwa moja baada ya jingine, mimi mwenyewe nilizuiwa njiani nikapuliziwa dawa matairi. Pamoja na yote hayo, Poland ndiyo inayoongoza Umoja wa Ulaya kwa nyama ya bata mzinga. Kama ugonjwa ndio unaoua sekta, mbona hapa haijafa?

#11 Mfugaji Kiambu
Wadau habari. Nilidhani Ujerumani ndio nambari moja?

#12 Mlandizi_Poznan
Ilikuwa. Poland imeipita. Kabla ya Ujerumani ilikuwa Ufaransa. Taji limehama kutoka magharibi kwenda mashariki, na ukifuata mishahara utaona kwa nini. Poland iliingia Umoja wa Ulaya Mei 2004. Mabanda mapya, mikopo, ngano ya hapahapa, mfanyakazi wa bei nafuu, na soko la Wajerumani mlangoni. Kifua cha bata mzinga kinachinjwa leo kaskazini karibu na Olsztyn, kesho kutwa kiko dukani nchi za magharibi. Waingereza wananunua pia.

#13 Bukavu_Rennes
Ndugu zangu, habari za siku. Niko Bretagne, Ufaransa, mkoa wa kuku na nguruwe. Poland inanifanya niongee.

Mnasema Krismasi ndiyo inaua. Ufaransa haikutegemea Krismasi. Hapa bata mzinga ni kipande chembamba cha kifua cha kukaanga, watu wanakula Jumanne mchana baada ya kazi. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 Ufaransa ilipita tani 700,000 kwa mwaka, hakuna nchi Ulaya iliyoikaribia. Sasa haifikii nusu ya hapo. Kushuka kwake ni kukubwa kuliko kwa Uingereza, bila Twizzlers, bila familia ya watu kumi na mmoja.

Na kupanda kwake kulitoka wapi? Kulitoka kwa ng'ombe. Ugonjwa wa ng'ombe wazimu ulipotisha watu 1996 na tena 2000, Wafaransa waliikimbia nyama nyekundu, wakachukua bata mzinga badala ya nyama ya ndama. Hofu ilipokwisha, wakarudi. Nadhani kilele kile kilikuwa cha kuazima, na Uingereza, ambako ugonjwa wenyewe ulianzia, huenda ni hivyohivyo.

#14 Darubini
#13 umenifungua macho. Kilele cha Uingereza nacho kinaangukia miaka ileile ya hofu ya ng'ombe. Hilo sikulifikiria.

#15 Mchumi Huru
Ila hofu ya ng'ombe ilimnufaisha kuku pia, na kuku hakushuka hofu ilipoisha. Kwa hiyo bado tunarudi kwenye banda na mfuko wa chakula.

#16 Dokta Mifugo
Wakuu, nimechelewa, nilikuwa kijijini. Nianze na Mama Kibaha #3 maana hakujibiwa.

Mama pole sana. Hakuna mkosi. Kinyesi cha njano, kusinzia, kuku wazima na bata mzinga wanakufa, hiyo ni dalili ya ugonjwa ambao wenzetu wanauita kichwa cheusi, ingawa kichwa mara nyingi hakiwi cheusi. Unaletwa na kijidudu kidogo, Histomonas. Kijidudu hicho kinasafiri ndani ya mayai ya minyoo wanaoishi kwenye vifuko vya utumbo wa kuku. Kuku anabeba minyoo na haumwi. Anakunya, nyungunyungu anakula yale mayai, bata mzinga anakula nyungunyungu. Ukipasua ini utakuta mabaka ya duara kama shabaha ya kulengea. Uwanja ulioshikwa na mayai hayo unabaki na hatari kwa muda mrefu. Usichanganye kuku na bata mzinga hata siku moja, usiwalishe mahali kuku walipochakura mwaka jana, na wape kuku dawa ya minyoo. Ili tuwe na uhakika, mpeleke mmoja aliyekufa karibuni kwa daktari wa wilaya ampasue.

Sasa mnaona uhusiano na Ulaya? Dawa za kuuzuia zilikuwepo. Umoja wa Ulaya uliziondoa moja moja kwa hofu ya mabaki kwenye nyama. Ya mwisho ya kuchanganya kwenye chakula, nifursol, iliondolewa Machi 2003. Tangu hapo mfugaji wa Ufaransa, Ujerumani na Uingereza hana dawa iliyosajiliwa ya ugonjwa huu. Banda likishikwa ndani ya wiki moja mbili unaweza kupoteza kundi zima. Kuku hana shida hiyo. Hakuna mtu aliyelitaja jambo hili, na mimi naona lina uzito kuliko Twizzlers.

#17 Mama Kibaha
Dokta Mungu akubariki. Ni hivyohivyo, ini lilikuwa na mabaka, nilimpasua mmoja mwenyewe nikidhani amekula sumu. Nitatenga uwanja.

#18 Mlandizi_Poznan
Dokta, na Poland je? Sheria ya dawa ni ileile Umoja wote.

#19 Dokta Mifugo
Swali zuri. Poland nao wanaugua. Tofauti ninayoiona ni mabanda mapya yaliyofungwa, mbali na kuku, sakafu ya saruji. Bretagne mabanda mengi ni ya zamani na yako karibukaribu. Lakini sidai kwamba nimemaliza hoja.

Nimuunge mkono Ngosha kidogo pia. Bata mzinga anaambukizwa mafua ya ndege kwa kiasi kidogo cha virusi kuliko kuku. Na anakaa bandani wiki 20. Ukihesabu siku za hatari, kundi moja la bata mzinga linapita msimu mzima wa ndege wa mwituni wanaohama. Kuku anaingia na kutoka kabla bata bukini hawajatua.

#20 Kidagaa wa Ziwa
Mbona hawachanji? Kwetu kideri tunachanja kila miezi mitatu na kuku wanadunda.

#21 Dokta Mifugo
Biashara ya nje ndiyo kikwazo. Ndege aliyechanjwa anaweza kubeba virusi bila kuonyesha dalili, na nchi nyingi zinakataa kununua kutoka nchi inayochanja. Ufaransa imethubutu, imeanza kuchanja mabata tangu Oktoba 2023. Mabata, si bata mzinga.

#22 Mfugaji Kiambu
Nitoke nje ya barabara kidogo, mtaniwia radhi. Kwani huyu ndege ameitwa bata kwa nini? Hana mguu wa bata, haogelei, halii kama bata. Na mzinga ni wa nyuki au wa vita?

#23 Kidagaa wa Ziwa
Wa vita. Msikilize akilia, ni mzinga umelipuka.

#24 Bi Mwanakheri
Bibi yangu Unguja akisema ni wa nyuki, kwa umbo. Dume likijifutua linakuwa mviringo kama mzinga ulioning'inizwa mwembeni.

#25 Bukavu_Rennes
Wafaransa wanamwita dinde, yaani wa India. Waturuki wanamwita hindi. Wareno wanamwita peru. Waingereza wakamtwisha Uturuki. Kila mtu anamsukumia mwenzake, na ndege mwenyewe ni wa Meksiko, Wahispania ndio waliomvusha bahari.

#26 Mlandizi_Poznan
Huku ni indyk. India tena.

#27 Darubini
Wanasimulia kwamba aliyemfikisha Uingereza ni William Strickland wa Yorkshire, mwaka 1526, na nembo ya ukoo wake ya 1550 ina picha ya bata mzinga. Baadaye Norfolk ikawa nyumbani kwake. Kabla ya reli walikuwa wanatembezwa kwa miguu mpaka London, wanaanza safari mwezi wa nane ili wafike kabla ya Krismasi. Miguu yao ilichovywa lami na mchanga, au walivalishwa viatu vya ngozi. Ngosha, wewe unafungasha wajukuu wa waliotembea.

#28 Ngosha_Norwich
Hii ya viatu nimemsimulia mzee mmoja kazini leo, akasema babu yake aliijua. Ahsante Darubini.

Turudi kwenye mada. Kuna jambo la watu hamjaligusa. Nilipoanza, laini yetu ilikuwa imejaa Wareno. Nasema Wareno kwa pasipoti, lakini wengine ni watu wa Angola na Msumbiji. Wawili walikuwa wa Cabo Delgado, tulikuwa tunaelewana kwa Kiswahili chetu na Kimwani chao, tunacheka zamu nzima. Baada ya kura ya 2016 ya kujitoa Umoja wa Ulaya, Brexit, pauni ikashuka, mshahara wao ukapungua wakituma nyumbani. Wakaanza kuondoka. Mwisho wa 2020 mlango ukafungwa kabisa. Vuli ya 2021 serikali ikatangaza viza 5,500 za muda kwa wafanyakazi wa kuku na bata mzinga mpaka Krismasi, lakini nani anaacha kazi kwao aje kwa wiki kumi? Kiwandani kwetu hakuja hata mmoja. Tulifanya kazi ya watu wawili kila mtu. Mwaka uliofuata oda zikapunguzwa makusudi, kwa sababu mikono haipo.

Na Septemba hiyohiyo ya 2021 hewa ya ukaa ya kuwazimisha ndege kabla ya kuchinja ilikaribia kuisha nchi nzima, maana viwanda vya mbolea vinavyoitoa vilisimama kwa bei ya gesi. Wiki ile sitaisahau.

#29 Mchumi Huru
Pole mkuu. Ila kuku nao wanachinjwa na mikono hiyohiyo na hewa hiyohiyo.

#30 Ngosha_Norwich
Si hiyohiyo. Kuku wana kilo mbili, mashine inamtoa matumbo, inamkata, inamfungasha. Dume la bata mzinga ni kilo ishirini. Tena hawalingani, huyu 18, yule 23. Kumtundika kwenye ndoana ni bega la mtu. Kidari kinatolewa kwa kisu na mkono. Njoo usimame siku moja halafu uandike tena hiyo hesabu yako.

#31 Mchumi Huru
Hapo umenishinda. Nafuta nilichosema kuhusu mikono. Ya chakula na banda nabaki nayo.

#32 Duluti_Minnesota
Wakuu hamjambo. Mimi ni wa Arusha, nipo Minnesota, jimbo linaloongoza Marekani kwa bata mzinga. Msidhani ni Ulaya tu. Mmarekani mwaka 1996 alikula kama kilo nane kwa mwaka, sasa ni kama sita. Huku hakuna Brexit, hakuna dawa iliyoondolewa na Umoja wa Ulaya, na soko lina sikukuu mbili, Shukrani na Krismasi. Mafua tulipata 2015, ndege milioni tisa jimboni. Ila na sisi kilele ni miaka ya 1990. Nani anaweza kueleza hilo?

#33 Bukavu_Rennes
Miaka ya 1990 walituambia mafuta ni sumu. Kifua cha bata mzinga hakina mafuta, daktari alikuwa anakiandika kama dawa. Baadaye kuku wa kifua kikubwa akafika, naye hana mafuta, na ni laini, na ni nafuu. Labda bata mzinga hakupoteza wateja, alinyang'anywa na mdogo wake.

#34 Bi Mwanakheri
Hapo ndipo. Dukani kwangu Leicester mnofu wa kuku una bei ya chini kuliko wa bata mzinga, na watoto wanaula bila ugomvi.

#35 Dokta Mifugo
Kuna kitu cha kuumiza kidogo. Mbegu ya bata mzinga mkubwa mweupe anayejaza mabanda ya Poland, ile wanaita BUT 6, chimbuko lake ni Uingereza, kampuni ya wazalishaji wa mbegu huko Cheshire. Kifua kimekuwa kikubwa kiasi kwamba dume haliwezi kupanda jike, mayai yote ya kutotolesha yanatokana na uhimilishaji, yaani mtu ndiye anayeliingizia jike mbegu ya dume. Uingereza inauza mbegu dunia nzima, nyama inanunua kwa wengine. Na hata vifaranga vya kisasa vinavyofika Afrika Mashariki mara nyingi damu yake ni ya mashirika hayohayo mawili matatu.

#36 Mfugaji Kiambu
Kweli. Mimi nina bata mzinga aina ya bronzi, za kawaida, zinapandana zenyewe, kilo nane zikikua. Desemba naziuza zote Nairobi kwa hoteli na familia. Januari sina mteja hata mmoja. Naona Kidagaa #2 alikuwa na hoja tuliyoipita haraka.

#37 Darubini
Ila Ufaransa, Kiambu. #13.

#38 Mfugaji Kiambu
Ufaransa sijafika. Januari ya Kiambu naijua.

#39 Ngosha_Norwich
Nimerudi na habari. Kuna mzee analeta ndege kwetu, familia yake inafuga tangu miaka ya 1960, mabanda manne. Leo nilimkuta kwenye mizani nikamuuliza moja kwa moja: ni mafua, ni chakula, ni Poland, ni nini? Akaniambia mwaka huu mabanda matatu ameshatia kuku. La nne bado ni la bata mzinga, 2,000 tu, kwa wateja wa Krismasi wa kijijini wanaoagiza kwa jina. Mwaka 2022 alipoteza kundi zima wiki tano kabla ya sikukuu. Fidia ililipwa kwa waliokuwa bado wazima maafisa walipofika, waliokwisha kufa hawakuhesabiwa. Nikasema basi ni mafua. Akatikisa kichwa. Alisema 2022 ilimuuma, lakini banda la kwanza aliligeuza 2009.

#40 Mchumi Huru
2009! Baada ya ngano kupanda. Ulimuuliza sababu?

#41 Ngosha_Norwich
Nilimuuliza. Alisema mnunuzi wake wa supamaketi alimpigia simu mwezi wa tatu akamwambia mwaka huo wanachukua nusu, nusu nyingine wamepata nje kwa bei ndogo. Vifaranga alikuwa ameshaviagiza. Hakuniambia nje wapi, na lori lilikuwa linamsubiri.

#42 Mlandizi_Poznan
Mimi nakisia ni wapi.

#43 Mama Kibaha
Wakuu, nawaacha na hesabu zenu, ila nina swali kwa Dokta. Uwanja ambao kuku walikuwa wanachakura, nikimwaga chokaa na kuupumzisha msimu mmoja wa mvua, naweza kuingiza vifaranga vipya au nijenge upande wa pili kabisa?

#44 Dokta Mifugo
Jenga upande wa pili, mama. Sakafu ya saruji, na kuku wasiufikie. Chokaa haitamaliza mayai ya minyoo ardhini.